Mkopo wa linki: yaliyompata mamangu mdogo, na tulivyoisafisha simu yake

Ramadhani kwa fundi cherehani wa Mombasa ni mwezi wa kukesha. Kanzu za watoto, madera, abaya, kila mtu ataka vyake kabla mwezi haujaandama. Mamangu mdogo hushonea nyumbani kwake Likoni, katika chumba cha mbele, na kila mwaka dhiki huwa ni ile ile: kazi ni tele, lakini wateja hutanguliza nusu, na vitambaa vya Biashara Street havichukuliwi kwa maneno. Mwaka 2024 alipungukiwa na shilingi 5,000. Hakuniambia, wala hakuwaambia wanawe. Mjane aliyelea watoto kwa sindano huona uzito kuomba, na waliotengeneza ile linki wanawajua vizuri sana watu kama yeye.

Linki ililetwa katika kundi la WhatsApp la wanunuzi wa vitambaa, na namba ngeni yenye picha ya mwanamke aliyejitanda. Mkopo papo hapo, bila mdhamini, bila kuangaliwa CRB (kumbukumbu za wadaiwa), bonyeza hapa usakinishe. Kulikuwa na nembo ya kijani, na chini yake jina la Benki Kuu ya Kenya. Kilichoshuka kwenye simu hakikutoka Play Store, duka la programu la Google. Kilikuwa faili ya APK, yaani programu nzima iliyofungwa tayari kusakinishwa, ambayo mtu yeyote anaweza kumtumia mwenziwe bila kupitia duka lolote.

Hapa nataka kukaa kidogo, maana wengi walimuuliza baadaye, "Mbona hukujihadhari?" Simu ilimwonya, tena si mara moja. Kwanza ilikataa katakata kusakinisha, kwa sababu tangu Android 8 ya mwaka 2017 kila programu inayotaka kuingiza nyingine, iwe kivinjari au WhatsApp, sharti ipewe ruhusa hiyo peke yake. Alipoitoa, Play Protect, ule ukaguzi wa Google ulio ndani ya simu, ukamwambia kwamba faili ile ni ya hatari. Mwisho, programu ilipotaka kupewa Ufikivu (Accessibility), ruhusa ya kusoma na kubonyeza kila kilicho kwenye kioo cha simu, simu ikafunga tena, kwa kuwa kuanzia Android 13 programu iliyotoka nje ya duka haipewi ruhusa hiyo hivi hivi.

Maonyo yote matatu yalikuja kwa Kiingereza. Mamangu mdogo husoma Kiswahili, na Kurani huisoma vizuri kuliko mimi, lakini Kiingereza cha simu hakisomi, hubonyeza mahali alipozoea. Na kila onyo lilipotokea alikuwa na "mhudumu" hewani, kijana mwenye sauti ya upole aliyemwita mama, akimwelekeza hatua kwa hatua: gusa pale, zima ile, sasa ruhusu. Alimwambia Google wanazuia kwa sababu hawajalipwa kamisheni yao. Mtu aliyefunga, aliye na haraka ya kurudi kwenye cherehani, angewezaje kulipima neno hilo?

Ndiyo sababu jambo la kwanza nililolifanya kwa simu za wazee wote wa kwetu ni kubadilisha lugha. Ingia Mipangilio (Settings), tafuta sehemu ya lugha, Kiswahili kimo. Watu hudhani kinga ya simu ni kitu cha kununua. Kwa mamangu mdogo kinga ilikuwepo tayari, ila ilimsemesha kwa lugha isiyo yake. Na mhudumu yeyote anayekutaka uzime ulinzi wa simu ndipo apate kukuhudumia, mkatie simu hapo hapo.

Programu ilipokwisha kuingia iliomba kila kitu: majina na namba zilizohifadhiwa, meseji, kamera, mahali alipo, na ule Ufikivu. Watu hawaujui uzito wa hii ya mwisho. Iliwekwa kwa ajili ya watu wenye ulemavu, hasa wasioona, ili programu iweze kuwasomea kilicho kwenye kioo na kuwabonyezea. Programu mbaya ikiipata husoma kila unachokisoma wewe, na huweza kubonyeza kwa niaba yako. Alipiga picha kitambulisho, akapiga picha uso wake, akangoja.

Ziliingia shilingi 3,250. Zile 1,750 zilikatwa, wakaziita ada. Siku ya saba alitakiwa kurudisha 5,000 kamili.

Siku ya tano wakaanza kumpigia, si yeye tu. Walimpigia mwalimu wa madrasa ya wajukuu. Walimpigia mkwewe wa Kisauni. Walimpigia muuza vitambaa anayemwamini kwa mali. Wateja walitumiwa picha ya kitambulisho chake na maneno kwamba huyu ni mwizi, mwambieni alipe. Mteja mmoja alikuja mwenyewe mpaka mlangoni akachukua kitambaa chake kabla hakijakatwa, na hakusema kwa nini. Mamangu mdogo akalipa zile 5,000 kwa kuuza bangili. Aliambiwa azitume kwa namba ya mtu binafsi, si paybill ya kampuni, na baada ya kuzituma programu ikaonyesha kwamba bado anadaiwa. Akatuma 2,000 nyingine, "za kuchelewa." Simu hazikukoma.

Hata hapo hakunena. Nilipata habari kutoka kwa mwenyekiti wa chama chao cha kina mama. Alinipigia akiniuliza kama mamangu mdogo ni mgonjwa, kwa sababu ameandika katika kundi la chama akiomba michango ya mwezi itumwe mapema kwa namba nyingine. Wanachama wawili walikuwa wamekwisha kutuma, jumla 6,500. Nilivuka feri jioni ile ile. Nilimkuta amekaa kwenye mkeka na simu ameifunika kwa leso, akaniambia, "Mwanangu, mimi sikuandika kitu. Wallahi sikuandika."

Alikuwa akisema kweli. WhatsApp ikisajiliwa upya hutuma namba ya tarakimu sita kwa meseji, na programu yenye ruhusa ya kusoma meseji haihitaji kumdanganya mtu ili aitaje. Inaisoma yenyewe. Akaunti yake ilikuwa imehamia kwenye simu ya mtu mwingine.

Kesho yake tulikwenda kwa fundi simu mmoja wa Mwembe Tayari ambaye ninamwamini. Nataka kuueleza mpango aliotupa kama alivyoueleza yeye, kwa sababu silika ya kila mtu ni kukimbilia kuifuta programu, na kufuta kwanza si sawa. Alianza kwa kuzima data na Wi-Fi, akaitoa laini. "Laini kwanza," alisema, "maana kila namba ya siri utakayoomba itakuja kwa laini hii, na simu hii inasomwa." Laini ikatiwa katika simu yangu ambayo haikuwa na tatizo. Huko ndiko tulikosajili WhatsApp upya. Meseji ilipoingia na zile tarakimu kukubaliwa, mwizi alitolewa papo hapo. Hata hivyo alikuwa ameweka namba yake ya uthibitishaji wa hatua mbili, yaani namba ya siri ya ziada inayodaiwa baada ya ile ya meseji, ikabidi tungoje siku 7 ndipo WhatsApp iturudishie akaunti. Muhimu ni kwamba katika siku hizo saba yeye naye hakuwa ndani. Tulipoipata, tuliweka namba yetu ya hatua mbili. Lau ingekuwepo tangu mwanzo, ile meseji peke yake isingemtosha mwizi.

Tukiwa bado na laini kwenye simu yangu tulibadilisha namba ya siri ya M-Pesa, tukapiga 100 ya Safaricom kueleza yaliyotokea, tukaiarifu benki. Nenosiri la akaunti yake ya Google tulilibadilisha pia, kisha tukatazama ni vifaa gani vimeingia katika akaunti hiyo na kuviondoa tusivyovijua.

Ndipo fundi akaigeukia ile simu. Ukijaribu kuifuta programu kwa njia ya kawaida, ukurasa ulikuwa ukijifunga wenyewe, maana programu ilikuwa na Ufikivu na ilikuwa imejiandikisha kama msimamizi wa kifaa, cheo kinachoizuia kufutwa. Aliiwasha simu kwa hali salama (safe mode): unabonyeza kitufe cha kuzima, kisha unalikalia kwa kidole neno la kuzima mpaka ikuulize. Katika hali hiyo programu ulizosakinisha mwenyewe hazifanyi kazi. Akaiondolea usimamizi, akaiondolea Ufikivu, akaifuta. Baada ya hapo alisema bado haitoshi, tuirudishe simu kama ilivyotoka kiwandani.

Hapo mamangu mdogo alilia. Vipimo vya wateja wake wote vilikuwa ndani ya simu ile, mabega, kifua, urefu wa mkono, pamoja na picha za mitindo waliyochagua. Tulikaa kwenye benchi la fundi nikimsomea naye akiandika katika daftari la shule, jina baada ya jina, mpaka adhana ya alasiri. Picha tulizihamisha kwa waya. Faili za programu hatukuhamisha hata moja, na simu ilipowashwa upya hatukukubali irudishe programu zote za zamani kwa mkupuo. Tulizichukua tena moja moja kutoka Play Store. Fundi alichukua 500, na kwa kazi ile alistahili zaidi.

Simu ilikuwa safi. Lakini majina na namba zilizokwisha kunyonywa hazikurudi, na hili ndilo linalonifanya niandike. Jirani yake mmoja, binti aliyejifungua karibuni, hajawahi kukopa kwa simu maishani mwake. Namba yake ilikuwa katika simu ya mamangu mdogo kwa sababu alishonewa nguo za arubaini. Alipigiwa usiku akitukanwa kwa deni asilolijua, mtoto mkononi. Kosa lake ni lipi? Tunapozungumza juu ya programu za nje huwa tunasema "ni simu yangu, nitajua mwenyewe," na mimi sikubaliani kabisa na kauli hiyo. Namba za watu tulizopewa ni amana. Ruhusa ile moja inawatoa wote, na hakuna hata mmoja wao aliyeulizwa.

Nilipochunguza nilielewa kwa nini watu hawa wanaikwepa Play Store. Kanuni za Benki Kuu za mwaka 2022 juu ya wakopeshaji wa kidijitali zinakataza kuingia katika orodha ya namba za mteja ili kuwasumbua watu kwa deni lake, na zinakataza vitisho na matusi. Tangu mwanzo wa 2023 Google wanazidai programu za mikopo hapa Kenya zithibitishe leseni, na mwishoni mwa Mei mwaka huo walizipiga marufuku programu za mikopo zisiguse kabisa namba za watu wala picha. Basi mkopeshaji ambaye biashara yake yote ni kuaibisha hana pa kukaa isipokuwa nje. Ukiona mkopo unakujia kwa APK, jiulize ni kitu gani alichokataliwa huko dukani. Mara nyingi alichokataliwa ni hicho hicho anachokuomba.

Sisemi dukani kuna usalama mtupu. Novemba 2024 McAfee, kampuni ya ulinzi wa kompyuta na simu, ilitaja programu 15 za mikopo zilizokuwa ndani ya Play Store yenyewe, zimesakinishwa zaidi ya mara milioni 8, zikifanya ujasusi wa namna hii katika nchi mbalimbali. Kwa hiyo programu ya mkopo, hata ya dukani, hutafutwa kwanza katika orodha ya wenye leseni kwenye tovuti ya Benki Kuu, kwa jina la kampuni na si jina la programu peke yake. Tofauti ni kwamba dukani kuna mtu wa kushitakiwa, na programu ikigunduliwa huondolewa. Faili ya kundi la WhatsApp haina pa kupeleka malalamiko.

Malalamiko tuliyapeleka hata hivyo. Polisi tulipata namba ya OB, yaani ya kitabu chao cha matukio, na ihifadhi namba hiyo, kwani benki na kampuni ya simu huiuliza. Kisha tuliandika kwa Kamishna wa Kulinda Data, ofisi iliyotokana na sheria ya mwaka 2019. Malalamiko hupelekwa kwa mtandao, na sheria inataka yachunguzwe na kumalizwa ndani ya siku 90. Tulipeleka picha za kioo (screenshot) za meseji zote, namba zilizopiga na tarehe. Ofisi hiyo ina meno: Septemba 2023 ilitoza kampuni moja ya mikopo faini ya shilingi 2,975,000 kwa kutumia namba za watu kuwatishia. Ugumu wa kwetu ulikuwa kwamba programu ile haikuwa na kampuni yenye anwani. Nawaambia ukweli huu ili mtu asiingie akitazamia kurudishiwa fedha haraka. Sisi hatujarudishiwa kitu. Lakini picha za kioo zipigwe kabla simu haijafutwa, kwa maana baada ya hapo ushahidi haupo tena.

Lililotusaidia upesi kuliko yote ni tangazo. Nilimshauri mamangu mdogo asibadilishe namba, kwa kuwa namba ile ndiyo duka lake, bali awaandikie watu wote waliomo. Aliona haya siku nzima. Mwishowe alinitajia maneno, nami nikaandika: "Assalaam alaykum. Simu yangu iliingiliwa na wezi na namba zenu zimechukuliwa. Mkipigiwa au kutumiwa picha yangu, msilipe, msijibu, zuieni namba hiyo. Mniwie radhi kwa usumbufu." Majibu yalianza kuingia kabla ya magharibi. Wengine walimwombea dua. Watatu walimwambia kwa siri kwamba wao pia wana programu ile ile na walikuwa wakilipa kimyakimya. Yule mteja aliyechukua kitambaa alikirudisha, na kanzu ya mwanawe ilishonwa usiku wa kuamkia Idi. Aibu ndiyo silaha ya wakopeshaji hawa, na walipokosa mtu wa kumwogofya kwa siri hiyo, simu zilipungua, ingawa hazikwisha mara moja.

Wanachama wawili walisema waachwe wabebe hasara yao. Mamangu mdogo alikataa. Tulichanga katika ukoo, tukalipa zile 6,500.

Binamu yangu aliyesikia haya yote alikuwa na GB WhatsApp kwenye simu yake na haoni uhusiano, maana "si ya mkopo." Uhusiano upo. Hizo WhatsApp zilizochezewa huja kwa njia hiyo hiyo ya APK, na Agosti 2021 Kaspersky, kampuni nyingine ya ulinzi wa kompyuta, walikuta toleo moja la FMWhatsApp, mojawapo ya hizo, likiwa na kirusi Triada ndani yake. WhatsApp wenyewe huwafungia akaunti wanaozitumia. Alihamisha mazungumzo yake, akarudi kwenye ile ya dukani. Filamu za bure na michezo iliyofunguliwa kwa njia za panya zamo katika fungu hilo hilo.

Baadaye Google walianza kuzuia hapa Kenya kwenyewe, kama walivyojaribu kwanza Singapore mwaka 2024, kusakinishwa kwa faili zitokazo kwenye vivinjari na programu za meseji zikiwa zinaomba kusoma meseji, arifa au Ufikivu. Nimefurahi. Lakini kazi hiyo hufanywa na Play Protect, na atakayekutaka uizime bado atakupigia.

Chama cha kina mama nacho kilikaa kikao baada ya Idi. Sasa kuna mfuko wa vitambaa unaofunguliwa Shaabani. Fundi cherehani huchukua hadi shilingi 10,000, hurudisha akishalipwa na wateja, bila ada wala riba. Mwaka uliofuata mamangu mdogo alikuwa wa kwanza kuandika jina.